Mabinti Wawili

Somo: Marko 5:21-43



 Somo la mwezi huu mmelisikia likisomwa kanisani miaka nenda miaka rudi. Yairo, mkuu wa sinagogi, anaanguka miguuni pa Yesu kwa ajili ya binti yake mdogo aliye mahututi. Wanaondoka pamoja, na umati wa watu unawasonga. Hapo njiani anatokea mwanamke aliyekuwa akitokwa na damu kwa muda wa miaka 12. Anapenya kwa nyuma, anagusa vazi. Safari inasimama. Mama anaponywa. Kisha inaletwa habari kwamba mtoto amekwisha kufa, na Bwana anaendelea na safari yake vile vile.

Marko angeweza kutusimulia habari hizi mbalimbali. Hakufanya hivyo. Ameiweka habari ya mama ndani ya habari ya mtoto, wala hatuwezi kuimaliza moja bila kupita katika nyingine. Tena ametutajia umri wa mtoto, kwamba alikuwa na miaka 12. Basi mwaka ule mama yule alipoanza kuugua ndio mwaka aliozaliwa binti Yairo. Katika mji ule ule, nyumba moja ilikuwa ikishangilia mtoto, na nyumba nyingine mlango ulikuwa unafungwa.

Tumelichagua somo hili kwa sababu ya jambo linalotukia katikati yetu. Wapo akina mama wenye virusi vya UKIMWI ambao kliniki ya dawa iko karibu nao, mwendo wa nusu saa kwa miguu, lakini wanapanda basi kwenda wilaya nyingine. Hawawaogopi wauguzi. Wanatuogopa sisi, tunaopiga magoti pamoja nao mbele ya Meza ya Bwana. Siku nauli inapokosekana, dawa nazo zinakosekana. Na mama akikosa dawa, mtoto aliye tumboni au kifuani naye yumo hatarini. Kwa hiyo jambo hili si la hospitali peke yake.

Mama yule wa Injili alikuwa na hali ya namna hiyo. Kwa sheria iliyoandikwa katika Walawi 15, mwanamke katika hali yake alihesabiwa kuwa najisi. Kitanda alicholalia ni najisi, kiti alichokalia ni najisi, na aliyevigusa ilimpasa kuoga na kufua nguo. Fikirini miaka 12 ya kukaa hivyo. Nani angemkaribisha kwenye arusi? Nani angempa mtoto ambebe? Marko anasema pia kwamba waganga wengi walimtesa na kummalizia mali, naye akazidi kuwa mbaya. (Luka, ambaye Mtume Paulo anamwita tabibu, anapita hapo kwa upole zaidi, labda hakupenda kuwasema wenzake.) Haikuwa ajabu basi kwamba alikuja kwa nyuma, kimya kimya, akitumaini kupona na kuondoka bila kujulikana.

Wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI hapa Tanzania walitambuliwa mkoani Kagera mwaka 1983. Wenye umri wanakumbuka hofu iliyofuata. Watu walitengewa sahani na vikombe, wengine wakalazwa vibanda vya nje, na misiba mingine ilizikwa haraka haraka. Siku zile hapakuwa na dawa ya kumtegemeza mtu. Siku hizi ipo. Tangu mwaka 2004 dawa za kupunguza makali ya virusi zimetolewa bure nchini, na mtu anayezimeza kila siku bila kuruka anaweza kulima, kufundisha, kuzaa na kuona wajukuu. Dawa imekuja, lakini sahani za pembeni hazijaondoka zote.

Mpaka leo tunaulizwa, kwa sauti ya chini baada ya ibada, kama kushiriki kikombe kimoja cha Komunyo kunaweza kumwambukiza mtu. Jibu ni hapana. Virusi hivi haviambukizwi kwa mate, kwa kikombe, kwa sahani, kwa kupeana mkono wa amani, kwa choo wala kwa mbu. Huambukizwa kwa kujamiiana, kwa damu, na kutoka kwa mama kwenda kwa mtoto wakati wa mimba, wa kujifungua au wa kunyonyesha. Anayempisha mwenzake atangulie kwenye kikombe kwa adabu, heri yake. Lakini anayehama mstari ili asinywe baada ya mama fulani, ajue kwamba mama huyo amemwona.

Bwana wetu alipoguswa na aliyehesabiwa kuwa najisi hakukung'uta vazi. Alisimama, akauliza ni nani aliyemgusa. Wanafunzi waliliona swali hilo kuwa la ajabu, maana watu walikuwa wengi. Yule mama akaja akitetemeka, akasema kweli yote. Na Yesu akamwita binti. Katika Injili yote hatusomi kwamba alimwita mwanamke mwingine kwa jina hilo. Yairo alikuwa na binti wa kuombewa; mama huyu hakuwa na mtu wa kumwombea, basi Bwana akajifanya mzazi wake mbele ya watu wote.

Ngoja tukae kidogo hapo kwenye kutetemeka, maana ndipo akina mama wengi walipo.

Mwanamke akipata mimba huenda kliniki ya wajawazito, na huko hushauriwa kupima damu. Mume hakupima, kwa kuwa hana mimba. Kwa hiyo mara nyingi mke ndiye wa kwanza kujua. Akirudi nyumbani na habari hiyo, lawama humwangukia yeye, kwamba ndiye aliyeleta ugonjwa, kana kwamba anayejua kwanza ndiye aliyeambukizwa kwanza. Huko ni kuchanganya mambo mawili. Mwenye taa ndiye anayeona nyoka ndani ya nyumba, wala hatusemi kwamba amekuja naye. Tena yawezekana mmoja akawa na virusi na mwenziwe asiwe navyo, hata baada ya miaka ya ndoa. Majibu ya mke hayawi majibu ya mume. Kila mmoja apime yake.

Kwa hiyo tunawaomba akina baba, tena kwa msisitizo: mfuateni mama kliniki. Anayeongozana na mkewe kwenda kupima amemwondolea mzigo wa kuja kusema peke yake usiku, akitetemeka. Wapo wanaume wanaoona haya kukaa kwenye benchi lililojaa wajawazito. Yairo alikuwa mkuu wa sinagogi, naye alianguka chini hadharani kwa ajili ya mtoto.

Na kwa kuwa wapo wanaodhani kwamba mama mwenye virusi lazima atazaa mtoto mwenye virusi, tuseme yaliyothibitika. Pasipo dawa yoyote, watoto kati ya 15 na 45 katika kila 100 huambukizwa kutoka kwa mama zao. Mama akitumia dawa vizuri, mtoto akipewa dawa yake, na wote wawili wakifuatwa mpaka mwisho wa kunyonya, idadi hiyo hushuka chini ya 5. Mwaka 1994 ndipo utafiti ulipoonyesha kwa mara ya kwanza kwamba dawa yaweza kumkinga mtoto. Mwaka 1999 utafiti uliofanyika Uganda ukaonyesha kwamba hata dozi moja ya nevirapini kwa mama na moja kwa mtoto ilipunguza maambukizi karibu nusu. Tangu 2013 nchi yetu ilifuata utaratibu wa kumwanzishia dawa kila mjamzito anayeonekana kuwa na virusi, azitumie maisha yake yote, bila kungoja augue.

Katika hospitali za Kanisa letu, kama Muheza, Mvumi, Berega na Murgwanza, na katika zahanati za serikali, wakunga wamepokea mikononi mwao watoto wengi wazima wa akina mama wenye virusi. Huko Uganda, Kanoni Gideon Byamugisha, padre wa Kianglikana, alitangaza mwaka 1992 kwamba anaishi na virusi, baada ya kufiwa na mke wake wa kwanza. Alioa tena mwanamke ambaye naye alikuwa na virusi, wakajaliwa watoto wasio na maambukizi. Tunamtaja kwa sababu yeye mwenyewe alikubali kutajwa. Hatumdai mtu mwingine asimame kanisani afanye kama yeye.

Sasa habari ya kunyonyesha, na hapa tunasema na bibi zetu. Hapo zamani, miaka ya 2000 ilipoanza, akina mama wengi waliambiwa wachague maziwa ya kopo. Matokeo yake yalikuwa machungu. Maji hayakuwa safi, makopo yalikuwa ghali, watoto waliharisha; na jirani akimwona mama hanyonyeshi, alikwisha kumjua. Siku hizi mama anayetumia dawa huelekezwa kumnyonyesha mtoto maziwa yake tu kwa miezi 6 ya kwanza, pasipo maji, pasipo uji, pasipo dawa za kienyeji za tumbo. Kisha aanze vyakula vingine huku akiendelea kunyonyesha. Utafiti uliofanyika Durban, Afrika Kusini, na kutangazwa mwaka 1999, ulionyesha kwamba watoto walionyonyeshwa maziwa ya mama peke yake waliambukizwa kidogo kuliko wale waliochanganyiwa na vitu vingine.

Lakini sote twajua yanayotokea mtoto akilia usiku wa mwezi wa pili. Mama Mkwe anasema, mtoto ana njaa, maziwa ya mama yake ni mepesi. Kikombe cha uji mwepesi kinakuja. Anafanya kwa upendo, wala hajui kitu, kwa sababu hakuambiwa. Na mkwewe haambii, kwa sababu anaogopa. Enyi bibi, haiwapasi kujua siri ya mkweo ili kulifuata agizo hili. Kila mtoto mchanga, awe wa nani, anyonye maziwa ya mama tu miezi 6. Mkiwafanyia wote hivyo, hakuna atakayejulikana na hakuna atakayedhurika.

Jambo jingine linalowachanganya wazazi ni kipimo cha mtoto. Kile kipimo cha haraka anachopimwa mtu mzima hutafuta askari wa mwili, si virusi vyenyewe. Na mtoto huzaliwa na askari wa mama yake, ambao hukaa ndani yake hata miezi 18. Kwa hiyo kipimo hicho chaweza kuonyesha alama kwa mtoto mzima kabisa. Ndiyo maana katika wiki za kwanza muuguzi humtoboa kisigino, akatia matone ya damu kwenye karatasi maalumu, na karatasi hiyo ikapelekwa maabara inayotafuta virusi vyenyewe. Mama anayepewa tarehe ya kurudi asikate tamaa kwa kungoja. Na asiache kurudi baada ya jibu jema la kwanza, maana maadamu mtoto ananyonya bado atapimwa tena. Mtoto akionekana ana virusi, dawa zianze mara moja. Watoto wasiotibiwa, karibu nusu yao hufa kabla ya kutimiza miaka 2. Zamani dawa zao zilikuwa za maji, chungu mno, nao walizitema; siku hizi zipo za vidonge vinavyoyeyushwa katika maji, na kazi hiyo imekuwa nyepesi.

Tumfikie sasa binti wa miaka 12.

Watoto waliozaliwa na virusi wakapata dawa mapema wamekua. Wamo katika madarasa yetu ya Kipaimara. Wengi wao wanalelewa na bibi au shangazi. Wanameza kidonge kila siku, na wakiuliza ni cha nini wanaambiwa ni cha kifua, au cha vitamini, au wanyamaze. Mtoto si mjinga. Anaona dada zake hawamezi. Anasoma mabango ukutani mwa kliniki. Kuna siku anajua mwenyewe, na siku hiyo anajua vilevile kwamba watu anaowapenda wamemdanganya. Ndipo wengine huanza kuvitupa vidonge chooni.

Shauri la watabibu ni kwamba mtoto wa umri wa kwenda shule aambiwe kidogo kidogo, kwa kadiri ya akili yake: kwanza kwamba kuna mdudu anayelala ndani ya damu na dawa humzuia asiamke; baadaye, kwa jina lake. Wauguzi watasaidia, mlezi asione kwamba lazima aseme peke yake. Swali linaloumiza zaidi huja baadaye, nalo ni hili: kwa nini mimi? Hapo tunawasihi, msimpe mtoto jibu la kumhukumu mama yake, hasa kama mama huyo amekwisha kulala katika mauti. Binti Yairo hakuulizwa aliugua kwa sababu gani. Nyumbani mwake kulikuwa na waombolezaji wenye makelele, na Bwana akawatoa nje wote, akabaki na baba, mama na wanafunzi watatu. Twadhani jambo hilo lina maana kwa watu wenye kupenda kujua. Chumba cha mtoto mgonjwa si mahali pa kila mtu.

Na wale wanaopeleka watoto shule za bweni, msiwaache wahangaike na mahali pa kuficha chupa ya dawa. Achaguliwe mwalimu mmoja, matroni mmoja, mtu wa kunyamaza. Sheria ya UKIMWI ya mwaka 2008 inalinda siri ya mgonjwa na kukataza kumbagua. Sheria hiyo hiyo, isipokuwa kwa mambo machache iliyoyataja, hairuhusu kumlazimisha mtu apimwe; nasi wachungaji tunaposhauri wachumba wapime kabla ya ndoa, tunashauri tu, na majibu ni yao, si ya baraza la kanisa.

Wengine watasema, mbona yule mama aliponywa kwa imani, bila vidonge? Ni kweli. Nasi tunawaombea wagonjwa, tunawapaka mafuta, wala hatutaacha. Lakini mwaka 2011 maelfu kwa maelfu walikwenda Samunge, huko Loliondo, kunywa kikombe cha shilingi 500, na kati yao walikuwamo walioacha dawa zao. Virusi havikuondoka, vilingoja tu. Mtu akiombewa na kuhisi nafuu, amshukuru Mungu na kumeza kidonge cha jioni. Atakayeambiwa na mhubiri yeyote, awe wa kwetu au wa kwingine, kwamba kuendelea na dawa ni kukosa imani, aje kwetu kabla ya kutupa kitu. Na mtu anayemeza vizuri hata virusi visionekane katika kipimo hamwambukizi mwenzi wake wa ndoa. Hilo nalo lapasa kushukuriwa kanisani kwa sauti.

Imebaki habari ya matumbo. Bwana alipokwisha kumwinua yule binti, aliagiza apewe chakula. Wazazi walikuwa wameshangaa hata wakasahau. Wengi wetu tunaishia kwenye kushangaa. Mama anayemeza dawa bila kula huweza kutapika na kushikwa na kizunguzungu, na mtoto wa kunyonya naye huweza kudhoofu. Dawa ni bure. Nauli si bure, unga si bure. Tena mwaka 2025 misaada ya Marekani iliposimamishwa ghafla mwezi Januari, kazi nyingi za huduma hii zilitikisika, hasa zile za watu waliokuwa wakipita nyumba kwa nyumba kuwatafuta akina mama walioacha kuja kliniki. Kutembelea nyumba kwa nyumba Umoja wa Akina Mama wanakujua tangu zamani, wala hakuhitaji fedha za ng'ambo.

Kwa hiyo baraza la kanisa limekubali kwamba matoleo ya Jumapili ya tatu ya kila mwezi yawe ya unga, maharage, mafuta na nauli. Vitagawiwa kwa wajane, kwa wazee, kwa bibi wanaolea wajukuu, kwa wajawazito na kwa yeyote aliyepungukiwa, wala hapataandikwa orodha ya wagonjwa. Mifuko yote itakuwa ya namna moja, ili mtu asijulikane ugonjwa wake kwa mfuko alioubeba. Anayetaka nauli ya kliniki amwambie padre au mkewe, nao hawatauliza ni kliniki ya nini.